Kukoroma si Usingizi Mnono

Ndugu zetu wa Thika na Ruiru, wengi katika sisi humsikia mtu akikoroma tukasema, "Huyu kalala usingizi mnono!" Kumbe huenda hajapumzika usiku kucha. Alalapo, nyama za koo hulegea zikaziba njia ya pumzi. Kifua chapanda na kushuka, wala hewa haipiti. Baada ya sekunde 10 au zaidi hugutuka kwa mkoromo mkubwa, kisha akalala tena, na asubuhi hakumbuki lolote. Yakimfika hayo mara 30 kwa saa, maradhi yamekuwa makali, nayo hupandisha shinikizo la damu.

Wako wasemao amekabwa na jinamizi, wakamfunga hirizi. Hirizi haifungui koo! Dawa ipo: mwaka 1981 daktari Colin Sullivan wa Sydney alieleza mashine ipulizayo hewa puani na kuliweka koo wazi. Ni ghali, twajua. Lakini wanene wengi hupata nafuu wakipungua mwili na kulala ubavu.

Shahidi wa maradhi haya ni mke, si mgonjwa. Basi dereva aondokaye Thika alfajiri, akasinzia kabla ya kufika Ruiru, na aende hospitali pamoja na mkewe, wala asishike usukani mpaka apimwe.