Mchezo wa Mbwa na Umri Wake

Watu wengi hudhani kwamba mchezo wa mbwa ni upuuzi wa watoto tu. Sivyo. Mchezo ndio shule yake, na kila umri una darasa lake.

Hapa Miembeni, Bukoba, nilileta mtoto wa mbwa ili akue alinde nyumba. Vijana walizoea kumchokoza kwa mikono mitupu, naye alipowauma vidole sote tulicheka. Alipotimiza mwaka alimwuma mtoto wa jirani mkononi, akidhani ni mchezo ule ule. Mtoto alipelekwa hospitali akachomwa sindano, akapona. Lakini hata leo akifika kwetu huvuka njia. Kosa halikuwa la mbwa, lilikuwa letu.

Umri wa kwanza ni tangu wiki ya 3 mpaka ya 14 hivi. Wakati huu mbwa hujifunza upesi kupita wakati wowote. Asitengwe na mama yake kabla ya wiki ya 8, maana kwa kucheza na ndugu zake hujifunza kutouma kwa nguvu. Baadaye mchezesheni dakika chache, kisha mwacheni alale. Mpeni kipande cha gunia, si mkono. Akiuma mtu, mchezo ukome pale pale. Mzoezeni kuku, mbuzi, baiskeli na wageni. Samaki mkunje angali mbichi.

Umri wa pili ni ujana. Kati ya mwezi wa 4 na wa 6 meno yake 28 ya utoto hung'oka, na mahali pake huota 42. Ufizi humwuma, basi msivutane naye kwa kamba mdomoni. Mifupa nayo haijakomaa mpaka mwaka mmoja, na kwa mbwa wakubwa hata mwaka na nusu. Kwa hiyo asirukishwe kuta wala asikimbizwe nyuma ya baiskeli.

Umri wa tatu ni utu uzima. Apewe mchezo wenye kazi: kutafuta kitu kilichofichwa migombani, kukileta, na kuja aitwapo. Yafaa asubuhi au jioni, kwani mbwa hupoza mwili kwa kuhema, si kwa jasho kama mtu.

Umri wa nne ni uzee, tangu miaka 7 hivi. Matembezi mafupi ya polepole ni bora kuliko kulala kutwa. Watoto wasimshtue usingizini, maana huenda hasikii vema. Akikataa mchezo ghafula, yamkini ana maumivu. Aitwe mganga wa mifugo.

Tena, mbwa wa umri wowote abadilikaye tabia ghafula asichezewe kamwe, huenda ni kichaa cha mbwa. Mbwa achanjwe apatapo miezi 3, kisha kila mwaka. Mtu akiumwa, jeraha lioshwe kwa sabuni na maji yatiririkayo dakika 15, aende hospitali siku ile ile. Kwani dalili zikiisha kuonekana, ugonjwa huo karibu daima huua.

Walimu na wazee, wafundisheni watoto haya kabla mbwa hajawafundisha kwa meno.