Kutengana si talaka: jinsi ndoa inavyovunjwa kisheria

Tuchukue mfano wa mwanamke aliyefunga ndoa kwa DC mwaka 2009. Walipata watoto wawili. Mwaka 2013, baada ya kupigwa mara kadhaa, alichukua watoto akarudi kwa dada yake. Wazee wa pande zote mbili walikaa, chifu akaandika barua kusema kuwa wawili hao wameachana kwa amani, na kila mmoja akaenda zake. Miaka kumi baadaye anapata mchumba. Wanapeleka ilani ya ndoa kwa Msajili na kusubiri siku 21 zinazotakiwa na sheria. Kabla siku hizo hazijaisha, pingamizi linawasilishwa: bibi harusi ana mume.

Mfano huu ni wa kubuni, lakini wakazi wengi watauona unafanana na mambo ya mtaani mwao. Kwa macho ya sheria, mwanamke huyo bado ameolewa. Barua ya chifu haikuvunja ndoa yake. Wala miaka kumi ya kuishi mbalimbali haikuivunja, wala mume kuishi na mwanamke mwingine. Angefunga ndoa ya pili, ndoa hiyo ingekuwa batili, na Kanuni ya Adhabu inatoa kifungo cha hadi miaka 5 kwa mtu anayeoa au kuolewa huku ndoa yake ya kwanza ikiwa hai na haimruhusu kufanya hivyo.

Kuna upande mwingine ambao watu huusahau. Mume akifariki kabla ya talaka, mwanamke huyo ndiye mjane anayetambuliwa na cheti, na atakuwa na haki yake katika mirathi. Matanga mengi yamegeuka ugomvi kwa sababu hiyo: mwanamke aliyemuuguza marehemu ameketi upande huu, na mwenye cheti cha ndoa anaingia kwa mlango ule.

Nani ana uwezo wa kuvunja ndoa

Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 inatambua aina tano za ndoa: ya Kikristo, ya kiserikali, ya kimila, ya Kihindu na ya Kiislamu. Kwa nne za kwanza, anayevunja ndoa ni mahakama. Hakuna haja ya kusafiri hadi Mahakama Kuu, kwa kuwa ombi la talaka hupelekwa katika mahakama ya hakimu, na mahakama za aina hiyo ziko katika miji mingi ya kaunti.

Ifahamike pia kwamba mahakama haziko chini ya serikali ya kaunti. Afisa wa wadi, msimamizi wa kata ndogo au mwakilishi wadi anaweza kumwelekeza mkazi mahali pa kwenda, lakini hana saini inayoweza kumaliza ndoa. Anayetoza pesa ili "kutengeneza cheti cha talaka" nje ya mahakama anauza karatasi isiyo na maana.

Wazee na viongozi wa dini bado wana nafasi yao. Kwa ndoa ya kimila, sheria inaruhusu wanandoa kupitia usuluhishi wa kimila kabla mahakama haijaamua, mradi usuluhishi huo usikiuke Katiba, na aliyewasuluhisha huandika ripoti kwa mahakama. Wanandoa wa ndoa ya Kikristo nao wanaweza kupitia utaratibu wa upatanisho wa kanisa lao. Kwa hiyo kumbukumbu za kikao cha wazee zisitupwe. Haziwi talaka, lakini zinaweza kuwa ushahidi mzuri kwamba ndoa ilijaribiwa kuokolewa ikashindikana.

Sababu zinazokubalika

Wakazi wengi hufika masjala wakidhani inatosha kusema wamechoka, au kwamba wote wawili wamekubaliana. Kukubaliana pekee si sababu iliyotajwa katika sheria ya Kenya. Mwombaji anatakiwa kutoa sababu na kuithibitisha. Sababu zinazotajwa ni uzinzi, ukatili wa mwili au wa akili dhidi ya mwenzi au watoto, kutelekezwa kwa angalau miaka 3, upotovu uliokithiri, na ndoa kuvunjika kiasi cha kutorekebishika. Kwa ndoa ya kimila, sababu halali chini ya mila ya mwombaji pia huangaliwa.

Hiyo ya mwisho, ndoa kutorekebishika, ndiyo inayowafaa watu kama mwanamke wa mfano wetu. Kwa ndoa ya kiserikali sheria inaeleza ni lini ndoa huhesabiwa hivyo: mwenzi amemtupa mwenzake kwa makusudi kwa miaka 2, wanandoa wametengana kwa angalau miaka 2, mmoja amefungwa maisha au miaka 7 na zaidi, na hali nyingine ambazo mahakama itaona zinafaa. Miaka yake kumi ya kuishi kwa dada yake, ambayo haikuwa talaka, sasa inakuwa sababu ya kupata talaka. Anachohitaji ni kuithibitisha.

Sheria hiyo iliandikwa pia na sharti kwamba mtu wa ndoa ya kiserikali asiombe talaka kabla ya kumaliza miaka 3 ya ndoa. Mwaka 2019 Mahakama Kuu iliamua kuwa sharti hilo linakwenda kinyume na Katiba. Hata hivyo bado wapo wanaowaambia watu wavumilie hadi mwaka wa tatu. Anayepigwa nyumbani hapaswi kusubiri mwaka wowote. Sheria ya Kinga Dhidi ya Ukatili wa Nyumbani ya mwaka 2015 inamruhusu kuomba amri ya ulinzi mahakamani hata kama hataki talaka.

Kesi inavyokwenda

Jambo la kwanza ni cheti cha ndoa. Kama kimepotea, kimechomwa au kimefichwa na mwenzi, nakala iliyothibitishwa huombwa katika ofisi ya Msajili wa Ndoa. Waliooana kimila bila kusajili ndio wanaopata taabu zaidi hapa, kwa sababu hawawezi kuomba kuvunjiwa ndoa ambayo hawajaonyesha kwamba ipo. Ni vyema wapate ushauri wa wakili mapema kuhusu usajili na ushahidi, yakiwemo maelezo ya waliohudhuria ulipaji wa mahari.

Kisha huandikwa ombi la talaka. Linaeleza ndoa ilifungwa lini na wapi, wanandoa waliishi wapi, watoto ni wangapi na wana umri gani, kama kumewahi kuwa na kesi nyingine kati yao, na sababu za kuomba talaka. Huambatana na hati ya kiapo inayotiwa saini mbele ya kamishna wa viapo. Maneno ya jumla kama "mume wangu ni mbaya" hayasaidii. Kinachosaidia ni tarehe, mahali na tukio, pamoja na fomu ya P3, karatasi za hospitali, nambari ya ripoti ya polisi au ujumbe wa simu.

Siku hizi kesi husajiliwa kupitia mfumo wa mtandao wa Idara ya Mahakama. Asiyejua kuutumia anaweza kuomba msaada kwa karani wa masjala. Ada hulipwa baada ya mfumo kuikadiria, na asiye na uwezo anaweza kuiomba mahakama imruhusu kuendelea bila kulipa.

Mwenzi wa pili lazima apewe nakala ya ombi. Hapa kesi nyingi hukwama: hajulikani alipo, au anakwepa. Mwombaji asikate tamaa. Anaweza kuomba ruhusa ya kumfikishia taarifa kwa njia nyingine, kwa mfano tangazo la gazeti. Ujumbe wa simu au barua pepe pia hukubaliwa, na aliyetuma hutoa kiapo kuonyesha ulifika. Mtu asifanye njama ya kusema mwenzi hajulikani alipo huku akijua anakofanya kazi. Talaka iliyopatikana kwa uongo huo inaweza kutenguliwa.

Mwenzi akipewa taarifa ana siku zilizotajwa katika hati hiyo za kujibu. Anaweza kupinga, na anaweza naye kuwasilisha ombi lake akidai kwamba mwenye makosa ni mwombaji. Asipojibu, kesi huendelea bila yeye, lakini mwombaji bado atasimama kizimbani aape na atoe ushahidi, kwa kuwa hakimu hasaini talaka kwa sababu tu upande wa pili umenyamaza. Kabla ya kusikizwa, mahakama inaweza pia kuwapeleka kwa mpatanishi. Kule si lazima warudiane. Mara nyingi kinachopatikana ni mapatano kuhusu watoto na mali, na hilo huokoa miezi.

Hakimu akiridhika hutoa kwanza amri ya muda. Baada ya kipindi kilichowekwa, amri hiyo hufanywa kamili kwa ombi. Huu ndio mtego wa mwisho. Wapo waliotoka mahakamani na amri ya muda, wakasherehekea, na hawakurudi kuchukua ile kamili. Hao bado wana ndoa.

Talaka ya Kiislamu

Ndoa ya Kiislamu hufuata sheria ya Kiislamu, na mahakama yake ni ya Kadhi, ambayo kwa mujibu wa Kifungu cha 170 cha Katiba husikiza mambo ya ndoa, talaka na mirathi pale wahusika wote ni Waislamu na wanakubali kwenda mbele yake. Mume aliyetamka talaka nyumbani anapaswa kuifikisha kwa Kadhi iandikwe, na nakala ya amri hupelekwa kwa Msajili. Bila maandishi, mke hubaki njia panda: mtaani ameachwa, katika kumbukumbu za serikali ameolewa. Mke naye ana njia zake. Anaweza kujivua kwa khului kwa kurudisha mahari au sehemu yake, au akamwomba Kadhi afasakhi ndoa kwa sababu kama vile kutotunzwa au kuteswa. Eda huhesabiwa kabla ya kuolewa tena.

Mali na watoto

Amri ya talaka huvunja ndoa. Haigawi shamba wala nyumba. Mali ya ndoa hudaiwa katika kesi ya pekee chini ya Sheria ya Mali ya Ndoa ya mwaka 2013, katika mahakama ya hakimu kama thamani iko ndani ya uwezo wake (hakimu mkuu huishia shilingi milioni 20) au katika Mahakama Kuu. Muislamu anaweza kuchagua sheria ya Kiislamu itumike.

Mali hugawanywa kulingana na mchango wa kila mmoja. Januari 2023 Mahakama ya Juu ilieleza kuwa usawa wa wanandoa katika Kifungu cha 45 cha Katiba haumaanishi kwamba kila kitu kinakatwa nusu kwa nusu; kila upande uthibitishe ulichochangia. Katika kesi hiyohiyo mke alikuwa amepewa asilimia 30 ya nyumba na asilimia 20 ya vyumba vya kukodisha na Mahakama Kuu. Mahakama ya Rufani ikampa nusu, na Mahakama ya Juu ikaiacha nusu hiyo isimame. Kwa hiyo wanaosema "mwanamke hapati kitu" na wanaosema "ni nusu kwa nusu" wote wamekosea.

Mchango si pesa peke yake. Sheria inataja kazi za nyumbani, kulea watoto, kusimamia biashara ya familia, kulima shamba, hata kumpa mwenzi wako uenzi. Aliyefagia, akapika na kupanda mahindi kwa miaka kumi na tano amechangia, ila aje na ushahidi: majirani, risiti za mbegu, rekodi za chama au sako. Isitoshe, ndoa ikiwa hai mali ya ndoa haiuzwi wala kuwekwa rehani bila idhini ya mwenzi. Anayeona dalili za kuuzwa aende ofisi ya ardhi aulize jinsi ya kuweka zuio bila kungoja talaka.

Malezi, karo na matunzo ya watoto husikizwa na Mahakama ya Watoto chini ya Sheria ya Watoto ya mwaka 2022. Katiba inasema wazazi wote wawili wana wajibu sawa, wawe wameoana au la, na kinachotangulia ni maslahi ya mtoto. Hakuna haja ya kungoja talaka iishe ndipo kudai karo.

Wakili si lazima, ingawa anasaidia sana pale mali inapobishaniwa. Wasio na uwezo wanaweza kufika Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, FIDA-Kenya au Kituo cha Sheria.

Mwanamke wa mfano wetu, akishapata amri kamili, atabeba nakala iliyothibitishwa hadi kwa Msajili, kisha apeleke ilani mpya ya ndoa na aanze kuhesabu siku 21 upya. Siku hiyohiyo apitie kwa mwajiri wake, NSSF na sako yake abadilishe jina la mteuliwa, kwa sababu fomu aliyojaza mwaka 2010 bado ina jina la mume wa kwanza.