SOMO: Mdeni na Mnada

Amma baad. Katika Suratul Baqara, aya ya 280, Mwenyezi Mungu ametuamrisha tumngojee mdeni aliye katika dhiki mpaka apate wasaa, na akatujulisha kuwa kumsamehe ni kheri zaidi. Lakini aya hii si ngao ya mwenye mali anayekawiza deni kusudi. Huyo ni dhalimu. Somo letu la leo ni hili: sheria ya serikali nayo humpa mdeni nafasi, na nafasi hiyo ina mwisho.

Tutazame Kitui na Makueni. Nchi hizo si ngeni kwetu watu wa pwani. Katika karne ya 19 misafara ya Wakamba ilishuka Mombasa na pembe, na leo njia yetu ya Nairobi hupita Mtito Andei na Makindu. Ardhi ya huko ni kame. Tangu mwisho wa 2020 hata 2022 mvua zilikosekana msimu baada ya msimu. Na aliyeweka shamba lake rahani, mavuno yakikosekana, deni halikosekani.

Je, mdai aweza kumuuzia shamba ghafla? La. Kwa Sheria ya Ardhi ya 2012, kwanza mdeni awe ameshindwa kulipa mwezi mzima. Ndipo apewe ilani ya miezi isiyopungua 3 ili alipe. Pili, muda huo ukipita, apewe ilani ya siku zisizopungua 40 kwamba ardhi itauzwa. Tatu, dalali naye, kwa kanuni zake, ampe siku 45 za kuikomboa. Kabla ya kuuza, mdai hulazimika kuipima thamani ya ardhi na kutafuta bei bora ipatikanayo. Na nyumba ya ndoa haiwekwi rahani bila ya ridhaa ya mke au mume.

Ikiwa mambo haya yamevunjwa, mdeni ashitaki wapi? Wengine hukimbilia kwa Kadhi. Hilo ni kosa, kwani Katiba ya 2010, kifungu cha 170, imemwekea Kadhi mambo ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi baina ya Waislamu. Rahani ya benki haimo. Mtu wa Kitui au Makueni ana Mahakama Kuu huko huko kwao.

Tangu kesi ya Giella na Cassman Brown ya 1973, jaji hutazama mambo 3 kabla ya kuzuia mnada: kuwa dai lina msingi na laelekea kufuzu, kuwa mdeni atapata madhara yasiyofidika kwa fedha, na akiwa na shaka, ni upande upi utakaoumia zaidi. Ilani haikutolewa, au siku zilipunjwa: hizo ni hoja. Kusema tu kuwa hesabu ya deni ina makosa hakutoshi. Jaji aweza kuuakhirisha mnada, tena kwa sharti la kulipa kwanza sehemu ya deni.

Ama deni la hukumu ya kawaida, lisilo na rahani, mahakama yaweza kumruhusu mtu alipe kidogo kidogo. Wala hanyang'anywi nguo za lazima, vyungu vya kupikia, matandiko, au zana za kazi yake.

Lakini nyundo ya dalali ikishaanguka, haki ya kukomboa imekwisha. Mnunuzi hulindwa, na aliyedhulumiwa hubaki akidai fidia tu. Kwa hiyo, ndugu yangu, usiifiche barua ya benki chini ya godoro. Isome siku ile ile, hesabu siku zako, mwambie mkeo, umwendee mdai kabla hajakujia, na ukiona umedhulumiwa umwendee wakili mapema.

Wala haya hatuyasemi kuhalalisha riba. Hukumu yake yajulikana. Twayasema ili Muislamu asipoteze urithi wa wanawe kwa kutojua. Nawe unayedai, ukimwona mwenzio hana kweli, mngojee kabla hujaamriwa na jaji. Kungoja kwa hiari kuna thawabu.

Wabillahi ttawfiq.