Usingizi wa Mchana Usio Uvivu

Katika shule nyingi huonekana mtoto asinziaye darasani, na mahali pa kazi huonekana mtu alalaye hali jembe li mkononi. Mara nyingi husemwa kwamba ni mvivu, ama kwamba amerogwa. Wengi wa watu hao hawakupata usingizi wa kutosha usiku. Lakini wako wachache ambao hulala usiku kucha, na hata hivyo mchana usingizi huwashinda. Hao huenda wana maradhi ya ubongo yaitwayo nakolepsi.

Maradhi haya si malale. Malale huletwa na vijidudu ambavyo mbung'o huviingiza mwilini, na asiyetibiwa hufa. Nakolepsi haiambukizi. Aghalabu huanza mtu awapo na umri wa miaka 10 hadi 30.

Dalili zake kubwa ni nne. Ya kwanza ni usingizi usiozuilika, umjiao mgonjwa hata akiwa anakula au anazungumza. Ya pili, akicheka au akifurahi kwa ghafula, magoti hulegea naye huweza kuanguka, ingawa anasikia yote yasemwayo. Ya tatu, anapoamka au anapoanza kulala hushindwa kuinua hata kidole kwa muda mfupi. Watu husema amekabwa na jinamizi. Ya nne, huona njozi zilizo kama mambo ya kweli. Si kila mgonjwa apatwaye na dalili zote, na jinamizi huwapata hata watu wazima wa afya mara moja moja.

Daktari Mfaransa, Jean-Baptiste Gélineau, ndiye aliyeyapa maradhi haya jina mwaka 1880. Mgonjwa wake alikuwa mfanyabiashara wa mapipa ya mvinyo, ambaye alisinzia mara nyingi kila siku, na miguu yake ililegea alipocheka. Sababu haikujulikana kwa zaidi ya miaka mia moja. Mwaka 1998 wataalamu waligundua kemikali ya ubongo iitwayo oreksini, ambayo kazi yake ni kumweka mtu macho. Mwaka 2000 ubongo wa wagonjwa waliokwisha kufa ulichunguzwa, ikaonekana kwamba seli zitengenezazo oreksini zilikuwa karibu zimekwisha. Basi mgonjwa ni kama taa iliyopungukiwa na mafuta: hata utambi ukipandishwa, mwanga haudumu.

Kumchapa mtoto wa namna hii hakumfai kitu. Yafaa mzazi aandike saa ambazo mtoto hulala na mambo yanayomwangusha, kisha ampeleke hospitali. Huko daktari atatafuta kwanza sababu nyingine, kama vile upungufu wa damu, malale, au kukatika kwa pumzi usingizini.

Dawa ya kuyaondoa kabisa maradhi haya haijapatikana, lakini ziko dawa za kupunguza usingizi na kuzuia kuanguka. Tena husaidia sana kulala na kuamka kwa saa zile zile, na kupumzika mchana kwa dakika 15 au 20 kwa wakati uliopangwa. Mgonjwa asiendeshe gari mpaka daktari amruhusu, wala asiachwe peke yake penye moto au maji mengi.

Mwalimu akijua jambo hili, atampa mwanafunzi nafasi ya kulala kidogo, kisha masomo yaendelee. Mtoto huyo ana akili kama wenzake. Kilichompungukia ni kile kiuwekacho ubongo macho.