Sinki ya Chini Kwenye Kaunta ya Fomaika: Ziba Mkato Kabla ya Kufunga

Jikoni nyingi zinazojengwa Gilgil siku hizi zina kabati na kaunta ya chipbodi iliyovikwa fomaika. Baadhi ya wenye nyumba huomba sinki inayofungwa kutoka chini ya kaunta, kwa kuwa haina mdomo wa juu unaoshika makombo. Unapangusa uchafu moja kwa moja hadi ndani. Kazi hii inawezekana, lakini ina hatari moja ambayo fundi na mwenye nyumba wanafaa kuielewa kabla ya msumeno kuwashwa.

Kwa nini kaunta hufura

Fomaika, iliyobuniwa Marekani mwaka wa 1912, ni tabaka za karatasi zilizoloweshwa gundi maalum na kushindiliwa kwa joto. Maji hayapenyi usoni mwake. Chipbodi iliyo chini yake ni vipande vidogo vya mbao vilivyoshikanishwa kwa gundi. Ikinywa maji hufura, na hata ikikauka hairudi ilivyokuwa.

Sinki ya kawaida ina mdomo unaolala juu ya kaunta na kufunika mahali palipokatwa. Sinki ya chini huacha mkato huo wazi, pale pale maji yanaporuka kila vyombo vinapooshwa. Mkato usipozibwa, chipbodi itafura, fomaika itabanduka na sinki italegea. Hapo hakuna ukarabati mdogo: kaunta nzima hung'olewa.

Hatua za kufuata

1. Pima. Hakikisha sinki pamoja na ukingo wake inaingia ndani ya kabati bila kugusa mbao za pembeni. Acha angalau sentimita 5 za kaunta mbele ya tundu, la sivyo sehemu hiyo itavunjika.

2. Chora na ukate. Bandika utepe wa karatasi juu ya mstari ili fomaika isibanduke vipande vipande. Toboa pembe nne kwa drili kwanza, kwa sababu pembe ya mviringo haipasuki kwa urahisi kama pembe kali. Kipande cha katikati kishikiliwe kutoka chini kisije kikaanguka na kuchana ukingo. Vaa miwani na barakoa kwa ajili ya vumbi.

3. Ziba mkato. Hii ndiyo hatua inayoamua uhai wa kaunta. Piga msasa hadi ukingo uwe laini, futa vumbi, kisha paka epoksi isiyopenya maji. Chipbodi hunywa mpako wa kwanza, kwa hivyo rudia wa pili. Paka pia upande wa chini, mahali ukingo wa sinki utakapokaa. Ukitaka kuvika mkato utepe wa fomaika kwa urembo, fanya hivyo baada ya kuziba, kwani kiungo cha utepe bado kinaweza kupitisha maji. Subiri ikauke kwa muda ulioandikwa kwenye mkebe.

4. Funga sinki na uitegemeze. Zungushia silikoni kwenye ukingo bila kuacha pengo, kisha ibane sinki mahali pake. Usitegemee gundi pekee. Sinki yenye urefu wa sentimita 50, upana wa 40 na kina cha 18 hubeba lita 36 za maji ikijaa, yaani kilo 36 kabla ya kuhesabu sufuria. Weka vipande vya mbao ndani ya kabati vibebe uzito huo. Kama chipbodi ni ya milimita 18, skrubu isiingie zaidi ya milimita 12, isije ikatokea juu.

5. Jaribu. Acha silikoni ikauke saa 24. Unganisha bomba la maji taka, tandaza gazeti kavu ndani ya kabati, jaza sinki, kisha uachilie maji yote kwa pamoja. Gazeti likilowa, tafuta panapovuja kabla ya kukabidhi kazi.

Kabla ya kuamua

Kwa nyumba ya kupangisha, au pale maji yanapochotwa kwa mtungi na kumwagika mara kwa mara, sinki yenye mdomo wa juu ni salama zaidi na kazi yake ni nyepesi. Kaunta ambayo tayari imefura isikatwe kamwe kwa sinki ya chini.

Kwa vijana wanaojifunza useremala na ufundi wa mabomba, kazi hii inahitaji taaluma zote mbili. Vyuo vya ufundi vya vijijini viko chini ya serikali za kaunti kwa mujibu wa Katiba ya 2010, na aliyejifunza kazini anaweza kupimwa ujuzi wake na Mamlaka ya Kitaifa ya Mafunzo ya Viwandani (NITA).

Kwa mwenye nyumba, muulize fundi swali moja kabla ya kulipa malipo ya kwanza: "Mkato utauziba kwa nini?" Akijibu kwamba silikoni ya kwenye ukingo inatosha, tafuta mwingine.