Ruzuku Ikikauka, Mkataba Wako Unasemaje?

Endulen, huku Ngorongoro, imezoea watafiti. Tangu nyayo za zamadamu za Laetoli zigunduliwe jirani na hapa mwaka 1978, magari ya vyuo hayajaacha kupanda na kushuka: leo wachimbaji wa visukuku, kesho madaktari wa mifugo. Kila mradi huchukua wenyeji wa kukusanya data, kutafsiri Kimaasai, kuendesha magari. Kisha fedha zinakwisha na gari halionekani tena.

Kijana mmoja, aliyekuwa akitoa ng'ombe damu ya utafiti alfajiri kabla hawajatoka bomani, alinifungulia bahasha ya kaki. Ndani mlikuwa na mikataba mitano ya mwaka mmoja mmoja na barua ya mstari mmoja kutoka chuo kilichomwajiri: mradi umefika mwisho, tunakushukuru. Nimefanya kazi ya uwakili katika mashauri ya ajira, na maswali aliyoniuliza ndiyo ninayoulizwa na wengi.

Wakili, mkataba ukiisha siku moja na mradi, nimefukuzwa?

Kwa kawaida hapana. Kanuni za Utendaji Bora, Tangazo la Serikali Na. 42 la 2007, zinasema mkataba wa muda maalumu hukoma wenyewe tarehe yake ikifika, ila kama wenyewe unasema vingine. Kwa hiyo kabla ya kulalamika, tazama tarehe ya mwisho. Barua ikija kabla ya tarehe hiyo, hilo ni jambo jingine kabisa.

Lakini wamenihuishia mkataba mara nne. Si kitu?

Ni kitu, tena kikubwa. Kifungu cha 36 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya 2004, kinahesabu kutohuisha mkataba kuwa ni kuachisha kazi, iwapo mfanyakazi alikuwa na matarajio yenye msingi kwamba utahuishwa.

Ugumu ni kwamba wa kuthibitisha ni wewe. Matarajio hayapimwi kwa ulivyotumaini moyoni. Yanapimwa kwa vitu vya kushikika: mikataba iliyotangulia, ahadi ya mwajiri, ratiba ya mwaka ujao yenye jina lako. Kama wote mlijua tangu mwanzo kwamba fedha zinaishia Juni na hakuna nyingine, hoja yako ni nyepesi. Kama mradi umepata awamu ya pili na nafasi yako ileile amepewa mwingine, hoja yako ina uzito. Kijana yule alikuwa na ujumbe wa simu kutoka kwa msimamizi wake: "Jiandae, tunarudi baada ya mvua." Nilimwambia asiufute kwa hali yoyote.

Fedha zikikatwa katikati ya mkataba je?

Hili liliwapata wengi baada ya tarehe 20 Januari 2025, Rais Donald Trump wa Marekani alipoamuru misaada ya nje isimamishwe kwa siku 90. Watu waliokuwa na mikataba hai waliambiwa wakae nyumbani.

Shika neno hili: mfadhili si mwajiri. Ruzuku ni makubaliano ya chuo na mfadhili, na wewe hukusaini hapo. Kukosa fedha kwaweza kuwa sababu halali ya kupunguza wafanyakazi, lakini kifungu cha 38 cha Sheria ya Ajira kinamtaka mwajiri atoe taarifa ya kusudio lake, aeleze sababu, kisha mjadiliane namna ya kuepuka hatua hiyo na vigezo vya kuchagua nani aondoke. Sentensi ya "ajira hii inategemea fedha za mradi" haifuti wajibu huo. Mkataba ukikatwa isivyo haki, mara nyingi mahakama zimeagiza mishahara ya miezi iliyosalia. Ila ujue, aliye chini ya miezi 6 kwa mwajiri huyo hakingwi na masharti ya kuachishwa isivyo haki.

Mkataba uliisha Juni, nikaendelea kazini hadi Agosti bila karatasi mpya.

Kanuni zilezile za Utendaji Bora zinasema mkataba waweza kuhuishwa kwa kuendelea kufanya kazi, mazingira yakiruhusu. Basi tunza fomu za sampuli zenye tarehe na sahihi yako, na kumbukumbu za malipo ya benki au ya simu.

Nalalamikia wapi, na chuo kiko Dar es Salaam?

Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, hushughulikia mgogoro pale ulipozuka. Kazi ilikuwa Endulen, basi nenda Arusha. Jaza Fomu Na. 1, mpe mwajiri nakala, uweke ushahidi kwamba ameipokea. Una siku 30 tangu kuachishwa au tangu uamuzi wa mwisho wa mwajiri. Hapa ndipo haki nyingi za watu wa huku zinapopotelea: mtu anangoja msimamizi apokee simu, siku zinakatika. Ukichelewa itabidi uombe kuongezewa muda na ueleze kila siku uliyochelewa.

Usuluhishi ukishindikana, mwamuzi atasikiliza ushahidi. Asiyeridhika ana wiki 6 kuomba marejeo Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi.

Kwa chuo cha umma kuna pingamizi la kutarajia. Tangu 2016, mtumishi wa umma lazima amalize kwanza ngazi za Sheria ya Utumishi wa Umma. Hata hivyo tafsiri ya sheria hiyo huweka kando kazi za mkataba wa muda, hivyo aina ya mkataba wako ndiyo itakayoamua njia.

Nikishindwa, naondoka mikono mitupu?

Hapana. Mshahara wa siku ulizofanya kazi ni wako, likizo uliyolimbikiza inalipwa, na cheti cha utumishi unastahili. Uliajiriwa Karatu ukapelekwa mbali? Dai nauli ya kurudi. Kiinua mgongo hakilipwi mkataba ukiisha kwa muda wake. Aliyepunguzwa akiwa ametimiza mwaka hupata mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka, hadi miaka 10.

Nilipotazama tena barua ya kijana yule, ilikuwa na siku 26. Tulijaza fomu palepale kwenye benchi. Asubuhi alipanda gari la kwanza kwenda Karatu, njia ya Arusha, bahasha yake kifuani.