Matunzo ya Mtoto Baada ya Wazazi Kutengana: Sadaka au Deni?



Wapendwa wasomaji, katika jumuiya ndogo ndogo za Tunduma, Vwawa na Mlowo tunasikia mara nyingi maneno haya: "Nimeachana na mama yao, basi ya watoto ayamalize mwenyewe." Wengine hutuma fedha siku wakijisikia, na wakituma hutaka washukuriwe kama wafadhili. Katika somo hili tunajiuliza: baba anayetoa matunzo baada ya kutengana, anatoa sadaka au analipa deni?

1. Tutofautishe kwanza

Mt. Tomaso wa Akwino anafundisha kwamba haki ni fadhila inayotuwezesha kumpa kila mtu kilicho chake. Sadaka natoa katika kilicho changu. Deni ni cha mwingine, kiko tu mkononi mwangu. Asiyemsaidia ombaomba amekosa huruma. Lakini mwenye shamba la kahawa kule Mbozi asipomlipa mchumaji ujira wake, amedhulumu. Mtoto yuko upande wa mchumaji, si wa ombaomba. Hakuomba kuzaliwa. Wajibu wa kumlea umetokana na uzazi, nao uzazi haufutwi na talaka. Hata kama mama amemkosea baba, mtoto hakumkosea mtu.

2. Sheria ya nchi inasemaje?

Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 129, inamtaka baba awape watoto wake malazi, mavazi, chakula na elimu kadiri ya uwezo wake, wawe wanaishi naye au wako kwa mtu mwingine. Baba akiwa amefariki, hajulikani alipo au hana uwezo, wajibu humwangukia mama. Mke naye hakusahauliwa: kifungu cha 115 kinaipa mahakama uwezo wa kuamuru atunzwe akiwa ametelekezwa, au wanandoa wanapotenganishwa au kupeana talaka.

Sheria ya Mtoto ya 2009 inaongeza kwamba mahakama, kabla ya kutoa amri ya matunzo, itazame kipato na mali za wazazi wote wawili, watoto wengine wanaowategemea, na gharama za maisha za mahali mtoto anapoishi. Ombi linaweza kupelekwa na mzazi, mlezi, au hata afisa ustawi wa jamii. Tena, ombi la matunzo ya mtoto halisubiri talaka.

3. Kanisa linafundisha nini?

Kanuni ya 1154 inaagiza kwamba wanandoa wakitengana, malezi na matunzo ya watoto lazima yapangwe ipasavyo. Hata Kanisa likitamka kuwa ndoa ilikuwa batili, kanuni ya 1691 inataka wahusika wakumbushwe wajibu wao kwa watoto na wao kwa wao. Na kanuni ya 1071 haimruhusu padre, isipokuwa katika dharura, kufungisha ndoa ya mtu mwenye wajibu kwa mwenzi au watoto wa muungano wa awali bila ruhusa ya Askofu mahalia. Mtume Paulo naye anamwonya Timotheo kwamba kuwatelekeza watu wa nyumbani ni sawa na kuiacha imani (1Tim 5:8).

4. Hoja tunazozisikia

*"Fedha zinaliwa na mama na mwanaume wake."* Basi lipa ada shuleni, nunua sare, peleka unga. Sheria inakubali kutoa vitu vyenyewe au kulipia gharama zake. Haikubali kutotoa.

*"Sina mshahara."* Wengi wetu hapa mpakani tunaishi kwa malori, kuvusha bidhaa Nakonde, au msimu wa kahawa. Ndiyo maana mahakama hupima uwezo, na hali ikibadilika inaweza kuombwa ibadili amri yake. Kipato kidogo hupunguza kiasi, hakifuti wajibu.

*"Mkristo mwema hampeleki mwenzake mahakamani."* Hoja hii imewanyamazisha akina mama wengi. Mapatano yatangulie, ndiyo. Paroko na wazee wa jumuiya wasaidie. Lakini yakishindikana, kudai haki ya mtoto si kukosa uvumilivu. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2383, inafika mbali zaidi: hata talaka ya kiserikali, ikiwa ndiyo njia pekee ya kulinda malezi ya watoto, yaweza kuvumiliwa bila kuwa kosa la kimaadili. Kifungo cha sakramenti kinabaki. Mama aliyekwenda mahakamani kwa ajili ya ada ya mtoto asinyooshewe kidole kanisani.

Tutafakari katika jumuiya

1. Je, tunawaita "wafadhili" wazazi wanaolipa tu wanachodaiwa?
2. Katika jumuiya yetu kuna mtoto aliyeacha shule kwa sababu wazazi wametengana? Nani amekwenda kuzungumza na wazazi wake?
3. Mzazi aliyenyimwa matunzo akitujia leo, tutamwambia "vumilia" tu, au tutamsindikiza hadi ofisi ya ustawi wa jamii?